Uandike Mlango Kama Ulivyomwandika Hondohondo

*Shangazi, nina miaka 38 na watoto wawili. Niliolewa Tanga mjini, nikaishi na mume wangu miaka kumi na moja, na kwa sehemu kubwa ya miaka hiyo alikuwa akinipiga. Mwaka juzi niliondoka na watoto na begi moja, nikapanda kwetu Lushoto kwa mama. Nyumba ya mama iko jirani na msitu. Tangu nifike huwa naamka alfajiri, naingia njia ya msituni, na nikirudi naandika kwenye daftari nilichokiona: hondohondo, mbega, ukungu, miti. Sikuwahi kuandika kabla. Sasa niko daftari la tatu.*

*Rafiki yangu mwalimu alisoma akasema, "Ni mazuri, lakini wewe uko wapi humu?" Nikaona haya. Nimejaribu kuandika ya ndoa yangu, mkono unagoma. Naandika "usiku ule mambo yaliharibika", kisha nafunga daftari. Mjomba naye amesikia kwamba naandika, akasema mambo ya chumbani hayatolewi nje, nitawaaibisha watoto. Yeye na wazee wa upande wa mume wanataka tukae kikao cha suluhu ili nirudi. Mume ananitumia meseji kila wiki, mara za upole, mara si za upole.*

*Kuna jingine ninaloona aibu kulisema. Majuzi tawi lilivunjika nyuma yangu msituni, nikajikuta nimelala chini, nimefunika kichwa kwa mikono. Alikuwa kima tu. Watu wanasema msitu unaponya. Mbona mimi hauniponyi? Au najificha nyuma ya ndege? Nijibu, Shangazi, na usiandike jina langu.*

*Mama wa Wawili, Lushoto*

Mwanangu, jina lako halitaandikwa, na katika barua hapo juu nimebadili mambo mawili matatu ili hata mjomba wako akiisoma asiwe na hakika.

Kurasa ulizoambatanisha nimezisoma zaidi ya mara moja. Nianze na zile za hondohondo, kwa sababu ndizo zilizonifanya niweke kazi nyingine pembeni. Unasimulia ulivyosimama chini ya mti uleule asubuhi baada ya asubuhi, mpaka ukaelewa kwamba ndani ya lile shimo la shinani mlikuwa na ndege jike. Mdomo wa shimo ulikuwa umezibwa kwa udongo, umebaki ufa mwembamba. Dume anafika, na kabla hujamwona unasikia mabawa yake yanavyokata hewa. Anatua, anacheua tunda moja, analipitisha ufani, anacheua jingine. Ukahesabu. Ukaandika hata kwamba lililoanguka hakulifuata chini. Mtu aliyesimama pale ndiye pekee anayeweza kuandika hivyo.

Halafu, mwisho wa ukurasa, umeongeza sentensi hii: "Na mimi nilikuwa kama yeye, nimefungiwa shimoni, nalishwa." Hiyo ningeifuta.

Hondohondo jike anajifungia mwenyewe. Udongo unaletwa na dume, lakini anayekandika kwa ndani ni yeye, na anafanya hivyo ili mnyama mwizi asifikie mayai na kinda. Atakaa humo miezi mitatu, hata minne, na dume atahangaika na matunda muda wote huo. Kinda akiiva, ukuta unavunjwa na wanatoka. Wewe, kwa maelezo yako, mlango wako ulikuwa unafungwa kwa nje na mtu anayeondoka na ufunguo kwenda kazini. Ukiyageuza mambo haya mawili kuwa kitu kimoja, unamsingizia ndege, na hapohapo unampunguzia mume wako mzigo, kwa sababu anakuwa kiumbe anayefuata maumbile yake. Hakuwa anafuata maumbile. Alikuwa anachagua. Bosi wake hakuwahi kumpiga kofi, wala askari wa barabarani, wala jirani aliyemdai. Hasira zake zilijua nyumba ya kuingia.

Kwa hiyo swali lako la ndege nalijibu hivi: kwenye kurasa ambamo unawatazama ndege, hujajificha. Umejificha katika sentensi moja tu, ile ya "usiku ule mambo yaliharibika". Mambo hayajiharibu yenyewe. Katika kurasa za msitu kila tendo lina mtendaji: nani alileta tunda, nani alipokea, saa ngapi, jua lilikuwa wapi. Ukiingia kwenye nyumba yako, watendaji wote wanatoweka. Rafiki yako mwalimu aliona pengo, ila nadhani hakulitaja sawasawa. Huhitaji kujitia kwa nguvu katikati ya mbega na miti. Kinachotakiwa ni jicho lilelile lirudi Tanga.

Nalo jicho hilo unalo. Unasema hukuwahi kuandika kabla, na nakuamini, lakini kusikiliza ulikuwa umesikiliza miaka kumi na moja. Umeniandikia kwamba ulikuwa unamtambua kwa namna anavyozima pikipiki kabla ya kona, na kwamba viatu vikivuliwa taratibu mlangoni ulipumua, vikirushwa uliwaingiza watoto chumbani. Sitaki unielewe vibaya: kipigo hakikukupa kipaji chochote. Masikio yalikuwa yako tangu utoto, yeye akayaweka zamu ya ulinzi usiku na mchana. Leo yamepata kazi nyingine, na ninafurahi kwa ajili yako kuliko ninavyoweza kusema hapa.

Sasa lile tawi. Yupo mwandishi Mmarekani mweusi, Evelyn C. White. Mwaka 1985 alitoa kitabu kiitwacho *Chain Chain Change*, mwongozo kwa wanawake weusi wanaopigwa na kunyanyaswa na wenzi wao: namna ya kulitambua jambo, kutafuta msaada, kuondoka. Baadaye aliandika insha kuhusu wanawake weusi na pori. Anasimulia jinsi alivyokuwa akifundisha kwenye kambi ya waandishi wanawake kando ya mto McKenzie, jimboni Oregon, kwenye milima yenye misitu ya kupendeza. Wenzake wanatoka kutembea na kuogelea. Yeye anabaki kwenye kibanda chake, anaogopa. Anaogopa kuonekana, kuwa peke yake mahali pa wazi. Na anaifuata hofu hiyo mpaka ilikotoka: kwa Emmett Till, kijana wa miaka 14 kutoka Chicago aliyeuawa Mississippi mwaka 1955 na mwili wake kutupwa mtoni, na kwa wasichana wanne waliouawa kwa bomu kanisani Birmingham, Alabama, tarehe 15 Septemba 1963. Vifo hivyo vilikuwa vimeingia mwilini mwake. Alipokuja kupanda boti ya mpira na kushuka na ule mto, alikwenda nayo hofu yake, na msomaji tayari ameshaijua vizuri.

Nakuletea habari zake kwa sababu moja. Hakuanza kwa kusema mto ulimponya. Alianza kwa kusema anaogopa, na anaogopa nini, na tangu lini. Wewe ulipolala chini umefunika kichwa, mwili wako ulifanya ulichofundishwa na nyumba ya Tanga. Msitu haukuwa na kosa, na wewe huna sababu ya aibu. Andika ukurasa huo: tawi, ardhi uliyoilalia ilivyonukia, muda uliopita kabla hujainua kichwa, yule kima. Kwangu mimi huo ndio utakuwa ukurasa wako muhimu kuliko wote, kwa sababu ndimo msitu na nyumba vinakutana bila kulazimishwa.

Na watu wanaokuambia msitu unaponya, wasikie, shukuru, kisha endelea na shughuli zako. Kutembea alfajiri kunasaidia usingizi, kunashusha pumzi, kunakupa saa moja ambayo hakuna anayekudai kitu. Hayo si madogo. Lakini mti hauwezi kumzuia mtu kupanda basi la Lushoto. Daktari Mmarekani Judith Herman, katika kitabu chake cha mwaka 1992 kuhusu majeraha ya nafsi na kupona, alieleza kwamba usalama hutangulia. Ndipo kunafuata kukumbuka na kuomboleza. Na baada ya hapo kurudi tena kati ya watu. Meseji bado zinaingia kwenye simu yako kila wiki. Mkono ukigoma kuandika usiku ule, huenda unajua kwamba hatua ya kwanza haijakamilika. Usiulazimishe.

Kwa hiyo tutoke kidogo kitabuni, twende kwenye kikao.

Mjomba wako anasema suluhu. Mheshimu kwa salamu, lakini ujue sheria inasemaje. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, kifungu cha 66, inatamka wazi kwamba hakuna mtu mwenye haki ya kumwadhibu mwenzi wake kwa kumpiga, hata kama mila inasema vinginevyo. Inamlinda mke na mume sawasawa, na imekuwepo tangu kabla hujazaliwa. Baraza la usuluhishi la ndoa lina nafasi yake kisheria: kwa kawaida shauri la talaka hupitia huko kabla ya kufika mahakamani. Lakini kikao cha wazee sebuleni kwa mjomba si baraza hilo, na hakuna baraza lenye mamlaka ya kukuamuru urudi kulala kwenye nyumba ulimopigwa. Ukiamua kwenda, usiende peke yako, na usikubali kifanyike nyumbani kwa upande wa mume. Ukiamua kutokwenda, huna kosa.

Meseji usizifute. Zile zisizo za upole zipige picha, mpe mtu unayemwamini nakala, kisha uende nazo Dawati la Jinsia na Watoto kwenye kituo cha polisi. Ikitokea akakuumiza tena, omba fomu ya polisi ya PF3, daktari aijaze, na utunze nakala. Mashirika ya TAWLA na WLAC yanatoa msaada wa kisheria kwa wanawake, na yatakueleza kuhusu watoto na mali. Usiseme huna mali kwa kuwa hukuwa na mshahara: mwaka 1983, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango katika mali ya ndoa. Na tafadhali usidhani hatari iliisha siku ulipofunga begi. Wanaofanya kazi na wanawake waliopigwa wanajua kwamba mwanamume wa namna hiyo mara nyingi huzidi ukali anapoona mke ametoka mkononi mwake kweli.

Hapa kuna jambo ambalo mwandishi wa msitu lazima alifikirie kuliko mwandishi mwingine. Uzuri wa kurasa zako ni usahihi wake. Umeandika jina la njia, daraja la magogo, mti wenye shimo upande wa kushoto, na kwamba unafika pale kabla ya saa kumi na mbili na nusu, peke yako, kila siku isipokuwa Jumapili. Nilipofika hapo moyo ulinienda mbio. Hiyo ni ramani, mwanangu. Kabla ukurasa wowote haujatoka mikononi mwako, hata kwa rafiki kwenye simu, ondoa jina la kijiji, hamisha daraja, badili saa. Hondohondo abaki vilevile, kwa sababu huyo hana anayemwinda kwa meseji. Na wewe mwenyewe badili njia mara kwa mara, mama ajue umepitia wapi.

Turudi kwa mjomba, maana hoja yake ya aibu ina wafuasi wengi. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2015–16 ulionyesha kwamba wanawake wanne kati ya kumi wa Tanzania wenye umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa wamewahi kupigwa tangu walipofikisha miaka 15. Utafiti huohuo uliuliza kama mume ana haki ya kumpiga mke akiunguza chakula, akitoka bila kuaga, akibishana naye, akipuuza watoto au akimnyima unyumba. Wanawake 58 katika kila 100 walikubali angalau sababu moja. Wanaume waliokubali walikuwa 40. Namba hizo ziliniumiza, na bado zinaniuma. Tumelelewa na mama na shangazi waliofunga midomo kwa kutupenda, na ukimya wao ukatufundisha kwamba kipigo ni sehemu ya ndoa. Mjomba anakuomba uwafundishe hivyo binti na mwanao. Watoto wako hawatasikia habari hii kwa mara ya kwanza kwenye daftari lako. Walikuwa chumba cha pili.

Wala hutakuwa wa kwanza kusema. Siti binti Saad, mwana wa Fumba, Unguja, aliimba hadharani kisa cha mwanamke aliyeuawa na mwanamume aliyeitwa Kijiti. Na Wangari Maathai wa Kenya, ambaye dunia inamjua kwa miti, hakuficha ndoa yake. Nitakuwa mwangalifu: sisemi alipigwa, kisa chake si chako. Mume aliondoka, shauri la talaka likasikilizwa mwaka 1979 mbele ya waandishi wa habari, na yeye akavuliwa heshima hadharani. Alipomkosoa jaji kwenye mahojiano ya jarida, alihukumiwa kifungo cha miezi sita, akatoka baada ya siku chache. Yote hayo yamo kwenye kitabu chake cha maisha, *Unbowed*, kilichotoka mwaka 2006. Humohumo yumo mtoto wa kijijini Nyeri anayecheza na mayai ya vyura kwenye kijito karibu na mgumo, mti ambao mama yake alimkataza hata kuokota kuni zake. Alikuja kukuta mgumo umekatwa na maji yamekauka, na akaeleza jinsi mizizi ya mti ule ilivyohusiana na maji ya chini ya ardhi.

Kinachonivutia ni kwamba sauti ni ileile kwenye kijito na kwenye mahakama. Mgumo hakuugeuza kuwa ndoa yake, na kwa jaji hakunyamaza akazungumzia miti. Alivieleza vyote viwili kwa majina yake, akamwachia msomaji aviweke pamoja. Kama unataka kitabu cha kukaa karibu na daftari lako, tafuta hicho.

Kuhusu watoto, nina neno moja. Habari yako ni yako, lakini kuna sehemu zilizo zao: nani alijikojolea, nani alijaribu kukuamulia, nani bado anampenda baba. Hizo ziandike ukitaka, zikae daftarini, na wakikua waulize.

Mwisho, unauliza uanzie wapi. Usianze na usiku ule. Anza na mlango wa chumba. Wa mbao au wa chuma? Rangi gani, na imebanduka wapi? Kitasa kiko upande gani, na kikigeuzwa kinatoa sauti gani? Mwanga unaingia chini yake kiasi gani? Nani ana ufunguo, anauweka mfuko upi? Uandike mlango kwa subira uliyompa hondohondo, wala usiseme unafanana na nini. Andika mchana, watoto wakiwa shule na mama akiwa karibu. Mkono ukigoma, simama, ondoa vyombo, wamwagie kuku mahindi, rudi kesho. Siku nyingine andika dirisha. Baadaye pikipiki. Mtu atatokea mwenyewe mlangoni siku utakapokuwa tayari, na ukimwandika, mpe kitenzi chake: alifunga, alipiga, alisema. Kama ukiona usingizi umepotea au huli, acha kuandika kwanza, muulize daktari wa hospitali ya wilaya akuelekeze kwa mshauri nasaha.

Kurasa za hondohondo tungependa kuzichapa, bila jina, bila kijiji, bila ile sentensi ya mwisho, na saa tutaibadilisha sisi. Niandikie kama unakubali, lakini tumia simu ya rafiki yako mwalimu. Zile za mlango sizihitaji. Zikae na wewe mpaka utakapotaka mwenyewe mtu azisome.